Mabula (jina)

Mabula ni jina la asili la mtoto wa kiume katika jamii ya Wasukuma wa Tanzania. Limetokana na neno la Kisukuma mbula, maana yake mvua. Kwa desturi hupewa mtoto wa kiume aliyezaliwa wakati mvua ikinyesha, au katika majira ambayo mvua ilikuwa tukio kubwa kwa familia. Jina la kike linalolingana nalo ni Kabula. Majirani wa Wasukuma upande wa kusini, Wanyamwezi, ambao lugha yao inakaribiana sana na Kisukuma, nao wanalitumia.

Siku hizi Mabula hutumika pia kama jina la baba au la ukoo, na hubebwa na wanaume na wanawake. Kwa sababu ya uhamaji wa Wasukuma, linapatikana mbali na Mwanza na Shinyanga, ikiwa ni pamoja na bonde la Ziwa Rukwa na uwanda wa juu wa Ufipa.

Asili ya neno

Mbula ni neno la zamani sana. Wataalamu wa lugha za Kibantu wanalihesabu kati ya maneno yaliyorithiwa kutoka lugha mama ya Kibantu, kwa kuwa linapatikana karibu na pande zote ambako lugha hizo zinasemwa. Mifano ni hii:

- Kisukuma na Kinyamwezi: mbula
- Kiswahili: mvua
- Kikuyu: mbura
- Kikamba: mbua
- Kibemba (Zambia): imfula
- Kichewa (Malawi na Zambia): mvula
- Kizulu (Afrika Kusini): imvula
- Kilingala (Kongo): mbula, ambalo lina maana ya mvua na pia ya mwaka
- Kishona (Zimbabwe): mvura, ambalo siku hizi lina maana ya maji

Msomaji wa Kiswahili anaweza kujiuliza mbula na mvua yanakutana wapi. Tofauti ni mbili. Kwanza, mahali pa b Kiswahili kina v. Pili, Kiswahili kimeidondosha l iliyokuwa katikati ya irabu mbili, ilhali Kisukuma kimeitunza. Badiliko hili la pili linaonekana katika maneno mengi, kwa mfano:

- Kisukuma nzala, Kiswahili njaa
- Kisukuma nzila, Kiswahili njia
- Kisukuma mbula, Kiswahili mvua

Kwa hiyo Mabula si neno geni kwa msemaji wa Kiswahili. Ni neno lake mwenyewe katika umbo ambalo Kiswahili kiliacha kulitumia zamani.

Umbo la jina

Jina lina sehemu mbili: kiambishi ma- na shina -bula. Katika nomino za kawaida kiambishi ma- mara nyingi huonyesha wingi, kama katika Kiswahili jicho na macho. Hapa hakifanyi kazi hiyo. Mabula si "mvua nyingi". Ni mtu mmoja, mwanamume. Kiambishi kinatofautisha jinsia: Mabula kwa mvulana, Kabula kwa msichana.

Njia hii ya kuonyesha jinsia mwanzoni mwa jina, huku shina likibaki lilelile, si ya Wasukuma peke yao. Majina ya mvua ya makabila mengine ya Afrika Mashariki yanafuata mpango huohuo, hata katika lugha zisizo za Kibantu:

- Wasukuma: Mabula (kiume), Kabula (kike), kutoka mbula
- Wakamba: Wambua (kiume), Mumbua (kike), kutoka mbua
- Wajaluo: Okoth (kiume), Akoth (kike), kutoka koth
- Wakalenjin: Kiprop (kiume), Cherop (kike), kutoka rop

Lugha za Wajaluo na Wakalenjin ni za Kiniloti, kwa hiyo maneno koth na rop hayana undugu na mbula. Kinachofanana ni desturi: mvua ni tukio linalostahili kukumbukwa kwa kumpa mtoto jina.

Hata hivyo mtu asichukue kanuni ya lugha moja na kuipeleka katika lugha nyingine. Katika mkoa wa Mara, Wambura ni jina la wanaume. Kwa Wakikuyu majina mengi yanayoanza na Wa-, kama Wanjiku na Wambui, ni ya wanawake, na jina lao mashuhuri la mvua, Nyambura, pia ni la mwanamke. Shina ni moja, lakini kila jamii ina utaratibu wake.

Mahali pa jina katika desturi za Wasukuma

Majina mengi ya Kisukuma hueleza hali iliyokuwapo mtoto alipozaliwa. Mengine hueleza namna alivyozaliwa, mengine saa au majira, na mengine hali ya nyumbani. Baadhi ya yanayojulikana zaidi ni:

- Kulwa: pacha wa kwanza kuzaliwa
- Doto: pacha wa pili
- Shija: mtoto anayefuata baada ya mapacha
- Kashindye (pia Kashinje): mtoto aliyetanguliza miguu
- Bujiku: mtoto aliyezaliwa usiku
- Makoye: mtoto aliyezaliwa wakati wa shida
- Maduhu: kutoka duhu, yaani "hakuna"

Mabula na Kabula yako katika kundi hili. Lakini ipo njia ya pili ya kupata jina, nayo ni kurithi. Mtoto anaweza kupewa jina la babu au la ndugu mwingine aliyefariki, ili jina hilo lisipotee katika nyumba. Wakati mwingine familia iliamua hivyo yenyewe. Wakati mwingine mtoto akilia bila kukoma au akiugua mara kwa mara, wazazi walikwenda kwa mganga (nfumu), naye akawaambia ni marehemu yupi anayetaka kukumbukwa.

Kwa hiyo si kila Mabula alizaliwa siku ya mvua. Mwingine alizaliwa kiangazi kikali, katika mwezi wa Agosti, akapewa jina la babu yake ambaye ndiye aliyezaliwa mvuani. Ili kujua maana ya jina kwa mtu fulani, ni lazima kuwauliza wazee wa nyumba yake. Kamusi peke yake haitoshi.

Kwa nini mvua

Nchi ya Wasukuma iko kusini mwa Ziwa Viktoria (Nyanza), katika mikoa ya leo ya Mwanza, Shinyanga, Simiyu na Geita. Sehemu kubwa ya nchi hiyo hupata takriban milimita 700 hadi 1,000 za mvua kwa mwaka. Mvua huanza Oktoba au Novemba na kwisha Mei, na mara nyingi hupungua mnamo Januari na Februari, wakati mazao yako shambani. Miezi inayobaki ni mikavu.

Kiasi hicho kinatosha kwa mtama, uwele, mahindi na pamba, na kwa mpunga wa kwenye majaruba, lakini kikija kwa wakati. Mvua ikichelewa wiki chache, mbegu huungua ardhini. Ikikatika Januari bila kurudi, mahindi hukauka kabla ya kubeba. Ng'ombe nao hutegemea nyasi na maji ya malambo yanayojazwa na mvua. Katika nchi ya namna hii mvua ndiyo inayoamua kama mwaka utakuwa wa shibe au wa njaa.

Jambo hilo lilionekana pia katika utawala wa jadi. Mtemi (kwa Kisukuma ntemi) hakuwa mwamuzi wa kesi tu. Alihesabiwa kuwa na dhamana ya mvua na rutuba ya nchi, akisaidiwa na waganga wa mvua. Mvua ilipokataa kwa muda mrefu, wananchi waliweza kusema kwamba kasoro iko kwa mtemi, na ukame uliweza kuwa sababu ya kumwondoa katika kiti chake. Mamlaka ya watemi na machifu wengine wa Tanganyika yalifutwa kwa sheria mwaka 1963. Majina ya mvua yalibaki.

Ikumbukwe kwamba majira ya mvua Usukumani huchukua zaidi ya nusu ya mwaka. Kama kila mvulana aliyezaliwa katika miezi hiyo angeitwa Mabula, jina lingekosa kazi. Kwa sababu hiyo jina lilifaa hasa kwa mvua yenye habari: mvua ya kwanza baada ya kiangazi, mvua kubwa iliyonyesha mama akiwa katika uchungu, au mvua iliyorudi baada ya ukame. Jina halikuwa tarehe. Lilikuwa kumbukumbu ya tukio.

Mfano wa karibu: Kambarage

Mfano mashuhuri wa jina la mvua nchini Tanzania si wa Kisukuma bali wa Kizanaki. Julius Nyerere, rais wa kwanza wa Tanzania, alizaliwa Butiama, mashariki mwa Ziwa Viktoria, tarehe 13 Aprili 1922, katika majira ya mvua. Kwanza aliitwa Mugendi, maana yake mtembezi. Baadaye, kwa ushauri wa mganga, alibadilishiwa jina akaitwa Kambarage, ambalo ni jina la mzimu wa mvua. Jina la Julius alilipata alipobatizwa Mkatoliki akiwa kijana.

Jina la baba yake lina historia ya aina hiyohiyo. Nyerere katika Kizanaki ni viwavi. Chifu Nyerere Burito alipewa jina hilo kwa sababu alizaliwa mwaka 1860, wakati nchi ilipovamiwa na viwavi. Hivyo katika jina moja, Kambarage Nyerere, kuna matukio mawili ya mashamba ya Wazanaki: mvua ya wakati wa mtoto na viwavi wa wakati wa baba.

Mfano huu unaonyesha mambo mawili yanayohusu Mabula pia. Kwanza, jina la kwanza halikuwa lazima liwe la kudumu, liliweza kubadilishwa. Pili, jina lililokuwa la mtu mmoja kwa sababu ya tukio moja linaweza kugeuka jina la ukoo. Watoto wa Kambarage waliitwa Nyerere, ingawa hakuna viwavi waliohusika na kuzaliwa kwao.

Kutoka jina la mtoto hadi jina la ukoo

Zamani Msukuma alitambulishwa kwa jina lake na la mzazi wake, kwa kutumia neno ng'wana (mtoto wa). Ng'wana Mabula ni mtoto wa Mabula. Katika utaratibu huo kila kizazi kilikuwa na majina yake.

Shule, ubatizo, kodi na baadaye vitambulisho vilileta utaratibu wa majina matatu: la mtu mwenyewe, la baba, na la babu au ukoo. Jinsi Mabula linavyosogea katika utaratibu huu inaonekana katika mfano wa kubuni wa vizazi vitatu:

1. Babu: Mabula Makoye. Hapa Mabula ni jina lake mwenyewe. Huenda alizaliwa mvuani.
2. Baba: Paulo Mabula Makoye. Hapa Mabula ni jina la mzazi.
3. Mjukuu: Neema Paulo Mabula. Hapa Mabula ni jina la mwisho, na aliyenalo ni msichana.

Katika kizazi cha tatu jina limepoteza kazi zake mbili za mwanzo: halielezi tena kuzaliwa kwa mwenye jina, wala halionyeshi jinsia yake. Vilevile mjukuu anaweza kuliendeleza kwa watoto wake, likawa jina la kudumu la ukoo, na hapo Makoye likasahauliwa.

Mabadiliko haya yana faida na hasara. Faida ni kwamba jina la babu linabaki hai hata kama wajukuu wote wana majina ya Kikristo au ya Kiislamu. Hasara ni kwamba habari iliyokuwa ndani ya jina hupotea kama hakuna anayeisimulia. Kwa wazee waliozaliwa kabla ya usajili wa vizazi kuenea, jina lilikuwa mojawapo ya njia chache za kukisia lini walizaliwa. Mwanafunzi anayekusanya historia ya ukoo wake anaweza kuanzia hapa: aulize mvua gani, kabla au baada ya tukio gani linalojulikana mwaka wake, na nani mwingine alizaliwa msimu uleule. Majibu hayo yakilinganishwa, mara nyingi mwaka unaweza kukadiriwa.

Siku hizi kazi ya kuthibitisha kuzaliwa inafanywa na cheti kinachotolewa na Wakala wa Usajili, Ufilisi na Udhamini (RITA), ulioanzishwa mwaka 2006. Cheti kinataja siku, mwezi na mwaka. Hakitaji kama mvua ilinyesha. Hivyo jina na cheti havishindani. Kila kimoja kinatunza habari ambayo kingine hakina.

Jambo jingine la kuangaliwa ni tahajia. Kwa kuwa mbula ya Kisukuma ni mbura katika lugha za jirani, na kwa kuwa wasemaji wengi wa Kiswahili cha Kanda ya Ziwa hubadilishana l na r, ni rahisi jina kuandikwa Mabula katika karatasi moja na Mabura katika nyingine. Katika matamshi tofauti ni ndogo. Katika cheti cha shule, mirathi au madai ya pensheni, herufi moja inaweza kumtaka mtu athibitishe kwa kiapo kwamba majina hayo mawili ni ya mtu mmoja.

Jina katika Rukwa na Ufipa

Wasukuma ni kabila kubwa kuliko yote Tanzania, na kwa miaka mingi wamekuwa wakihama kutafuta mashamba na malisho. Katika miaka ya 1940 na 1950 serikali ya kikoloni iliwahimiza watu wa sehemu zilizojaa wahamie Geita. Baadaye wengi walielekea kusini na magharibi wenyewe na mifugo yao. Kuanzia miaka ya 1970 na 1980 familia nyingi zilifika katika bonde la Ziwa Rukwa, katika sehemu ambazo leo ni mikoa ya Rukwa, Katavi na Songwe.

Juu ya bonde hilo uko uwanda wa Ufipa, nchi ya Wafipa, ambako ndiko uliko mji wa Sumbawanga pamoja na Mpui, mji mdogo ulio kwenye barabara ya Tunduma hadi Sumbawanga. Bonde na uwanda hukutana katika minada ya ng'ombe, masoko ya mahindi na mpunga, na madarasani. Kwa njia hiyo majina kama Mabula, Kulwa na Shija yanasomwa katika orodha za majina pamoja na majina ya Kifipa, na pamoja na yale ya watakatifu wa Kikatoliki yaliyoenea baada ya Wamisionari wa Afrika kupokea kituo cha Karema, kando ya Ziwa Tanganyika, mwaka 1885.

Majira ya Ufipa yanatofautiana na ya Usukuma. Uwanda una msimu mmoja wa mvua, takriban Novemba hadi Aprili, usio na mapumziko ya wazi katikati. Mtoto anayeitwa Mabula huku, kama jina linafuata tukio, anategemewa kuwa amezaliwa katika miezi hiyo. Lakini kwa familia zilizohama, jina mara nyingi hubeba kumbukumbu ya mahali pengine: ni la babu, na mvua inayotajwa ilinyesha Maswa, Kwimba au Shinyanga kabla ya safari.

Watu wenye jina hili

- Angeline Mabula, mwanasiasa wa Tanzania, aliyechaguliwa mbunge wa Ilemela mwaka 2015 na kuwa Waziri wa Ardhi, Nyumba na Maendeleo ya Makazi mwaka 2022
- Stanslaus Mabula, mwanasiasa wa Tanzania, aliyechaguliwa mbunge wa Nyamagana mwaka 2015
- Alphonce Mabula, mchezaji wa mpira wa miguu wa Tanzania

Majina yenye asili ileile au maana ileile

- Kabula, jina la kike la Kisukuma
- Wambura, jina la kiume la mkoa wa Mara
- Nyambura, jina la kike la Kikuyu
- Wambua na Mumbua, majina ya Kikamba
- Nomvula, jina la kike la Kizulu
- Okoth na Akoth, majina ya Kijaluo
- Kiprop na Cherop, majina ya Kikalenjin
- Kambarage, jina la Kizanaki
- Masika, jina la Kiswahili kwa mtoto aliyezaliwa majira ya mvua nyingi